Namna ya Kumtungia Maneno Mchekeshaji wa Mfalme: Mwongozo kwa Vikundi vya Maigizo vya Tabora

Kikundi cha maigizo kinachotaka kumpandisha jukwaani mchekeshaji wa mfalme wa zama za kati za Ulaya huanza mara nyingi na kofia, ile yenye ncha na kengele ambayo kila mtu ameiona kwenye picha. Kofia inaweza kusubiri. Mchekeshaji wa mfalme hujulikana kwa sentensi yenye maana mbili, ya kwanza ikiwa safi kiasi kwamba hata mfalme hawezi kuikataa, na ya pili ikiwa ndiyo iliyokusudiwa. Mwongozo huu unahusu utungaji wa sentensi za namna hiyo kwa Kiswahili, kwa onyesho la dakika kumi au kumi na tano, liwe la mahafali ya shule, la sherehe ya kata au la ukumbi wa parokia. Mifano yote ya Kiswahili nimeitunga nikiwafikiria watazamaji wa Tabora, ambao wana faida moja kubwa kuliko watazamaji wa mahali pengine pengi: wamelelewa katika utani tangu utotoni, na hawahitaji kuelezwa kwamba tusi linaweza kuwa heshima.

Anza na mtani, kisha umgeuze

Wapagazi wa Kinyamwezi wa karne ya 19, waliobeba mizigo kati ya Unyanyembe na Bagamoyo, waliujenga utani na makabila yaliyokuwa kwenye njia ya misafara, Wazaramo wakiwa miongoni mwao, na mabaki yake tunayaona hadi leo pale mtani anapofika msibani, akaukejeli ubahili wa marehemu mbele ya wafiwa, akadai alipwe ndipo maziko yaendelee, na hakuna anayemkasirikia. Mwigizaji aliyewahi kuyaona hayo anajua tayari nusu ya kazi: anajua namna ya kusema jambo zito kwa uso mkavu, na anajua kwamba ukumbi hucheka kwa sababu kila mtu anaitambua ruhusa aliyonayo msemaji.

Nusu ya pili ni tofauti, na ndiyo inayokosewa zaidi. Ruhusa ya mtani ni ya pande zote mbili na hurithiwa; wewe unanicheka leo, mimi nitakucheka kesho, na watoto wetu wataendelea. Ruhusa ya mchekeshaji wa mfalme ilitoka kwa mtu mmoja tu, ambaye angeweza kuiondoa kabla ya chakula cha jioni. Kwa hiyo mtani anaweza kusema waziwazi kwamba marehemu alikuwa bahili, lakini mchekeshaji wa mfalme akimwambia mfalme kwamba ni bahili hana pa kukimbilia. Lazima amwambie kwa sentensi ambayo akiulizwa ataiapia kuwa ilikuwa sifa. Ukimwandikia mchekeshaji wako maneno ya mtani, yaani maneno ya moja kwa moja, ukumbi utacheka, ila hautaamini kwamba yule aliyekaa kwenye kiti ana uwezo wa kumwua mtu.

Inafaa pia kukumbuka kwamba si kila mchekeshaji wa Ulaya aliishi kwa maneno. Katika karne ya 12 Henry II wa Uingereza alikuwa na mtu aliyeitwa Roland, aliyemiliki shamba huko Hemingstone, Suffolk, kwa sharti la kutoa mbele ya mfalme kila Krismasi mruko mmoja, mluzi mmoja na ushuzi mmoja. Kwa mahafali ya shule, mruko na mluzi vinatosha. Wapo pia waliowekwa ikulu kwa sababu tu ya ulemavu wa akili au wa mwili, wakachekwa bila wao wenyewe kuchekesha. Hao usiwaige kabisa. Yule tunayemtafuta hapa ni mwenye akili timamu aliyelipwa kwa ulimi wake.

Tunga maana safi kwanza

Archibald Armstrong, aliyekuwa mchekeshaji wa James I na kisha wa Charles I wa Uingereza katika karne ya 17, alikuja baada ya zama za kati kwisha, lakini kisa chake ndicho ninachowapa wanafunzi kwanza, kwa sababu kina jaribio na adhabu pamoja. Inasimuliwa kwamba aliomba kusoma sala ya chakula mbele ya Askofu Mkuu William Laud, mtu mfupi aliyechukiwa na wengi, akasema kwa Kiingereza maneno yenye maana kwamba Mungu apewe sifa kubwa na shetani apewe sifa ndogo. Neno alilotumia kwa hiyo “sifa” ya pili lilikuwa laud, ambalo ndilo jina la askofu. Aliyeisikia sala akaisikia sala, na aliyemsikia askofu mfupi akikabidhiwa kwa shetani akamsikia huyo, na hapakuwa na neno hata moja la kumshtakia. Lakini mwaka 1637 ghasia zilipozuka Edinburgh kwa sababu ya kitabu cha sala ambacho Laud alikiunga mkono, Armstrong alimuuliza askofu huyo waziwazi ni nani mpumbavu sasa. Swali hilo lilikuwa na maana moja tu. Muda si mrefu akavuliwa joho lake la kazi na kufukuzwa ikulu.

Basi unapotunga, andika kwanza sentensi ya sifa, ya heri au ya taarifa ya kawaida, ambayo ingeweza kusemwa na mjumbe yeyote wa baraza, kisha utafute ndani yake neno linaloweza kugeuka. Wengi huanza kinyume: wanakuwa na tusi, halafu wanalitafutia kitambaa cha kulifunika, na kitambaa hicho huonekana. Tazama mfano huu, uliotungwa kwa ajili ya mtemi wa kubuni ambaye amelala huku baraza lake likisubiri:

“Wananchi hawana maji, mtemi ameulalia mto.”

Maana safi ni kwamba hajaamka kutoa amri, kwa kuwa kichwa bado kiko kwenye mto wa kitandani. Maana ya pili haihitaji maelezo katika mkoa ambao kiangazi chake kila mtu anakijua. Sentensi inasimama kwa sababu mto wa maji na mto wa kulalia vyote viko katika ngeli moja, kwa hiyo ile “u” ya “ameulalia” haimsaliti msemaji. Hapa ndipo Kiswahili kinapomdai mtunzi uangalifu ambao Kiingereza cha Armstrong hakikumdai. Mbuzi wa kuchinjwa na mbuzi ya kukunia nazi ni neno moja mpaka pale unapoweka kitenzi au kiunganishi. Ukisema “mbuzi wa mfalme” umeshachagua, na mchezo umekwisha kabla haujaanza. Tai wa porini na tai ya shingoni vivyo hivyo. Ukitaka kutumia maneno ya ngeli mbili, panga sentensi ili neno lenyewe lisibebe upatanisho wowote: “Mtemi, asali ya mwaka huu imejaa chungu.” Mfalme anasikia kwamba mavuno ni mengi hata chungu kimejaa, watazamaji wanasikia wadudu, na aliye nyuma kabisa ya ukumbi anasikia uchungu. Ongeza “hiki” au “hawa” baada ya neno hilo, na umebakiwa na taarifa ya mfugaji nyuki.

Baraza la mtemi lina vyeo vinavyojitolea vyenyewe. Mshauri anaweza kuitwa diwani, na mchekeshaji akamtambulisha kwa unyenyekevu: “Diwani wetu ni diwani kweli kweli, akifunguliwa, hutoka mashairi matupu.” Kama onyesho lako limechanganya ikulu ya zamani na mambo ya leo, jambo ambalo watazamaji wa Ng'ambo na Kanyenye hulipokea vizuri, mtendaji wa kata anaweza kusifiwa kwamba kazi yake inafanana na jina lake, kwa kuwa kila ombi analoletewa hulikata, na mheshimiwa yeyote wa kubuni anaweza kuombewa dua kwa sentensi fupi ambayo naipenda kuliko zote hapa: “Tangu ashinde, ameshinda Dodoma.” Nani atamshtaki mtu kwa kusema kwamba mbunge yuko bungeni?

Jaribio ni moja na ni rahisi. Msomee sentensi yako mtu ambaye hajui unatunga nini, kisha umuulize umesema nini. Akikupa maana safi bila kusita, sentensi inafaa. Akicheka mara moja bila kuiona maana safi, irudishe mezani, maana mfalme naye ataicheka mara moja, na hilo ni hatari kwa mhusika wako hata kama ni zuri kwa ukumbi.

Jaribu pia kwa sikio. “Barabara” ya kupita na “barabara” ya sawasawa ni mapacha kwenye karatasi tu. Mdomoni mkazo unahama, ya kwanza ukikaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho na ya pili kwenye ya tatu. Mwigizaji akisema kwamba mkandarasi amejenga barabara, sauti yake itachagua maana kwa niaba yake. Neno hilo litumie mara mbili waziwazi, “Amejenga barabara, ila hakuijenga barabara,” ambapo tofauti ya mkazo ndiyo inayochekesha, lakini usilitumie kama maficho.

Kumkubalia mfalme kupita kiasi

Njia ya pili haihitaji neno lenye maana mbili. Mwanahistoria Sima Qian wa China aliandika juu ya mchekeshaji You Zhan, wa ikulu ya nasaba ya Qin katika karne ya 3 K.K., ambaye mfalme wake alitaka kuupaka ukuta mzima wa mji kwa utomvu wa kung'arisha, ule wa kupakia vyombo vya fahari. You Zhan hakupinga. Alisema ni wazo zuri mno, na kwamba hata kama gharama zitawaumiza watu, ukuta utateleza na adui hataweza kuupanda. Tatizo dogo tu ni kwamba utomvu huo hukauka kivulini, na itakuwa vigumu kujenga banda la kuufunika ukuta wote. Mfalme alicheka na kuacha.

Siri ya kisa hiki iko katika tatizo alilolichagua. Hakutaja fedha kama kikwazo, wala mateso ya watu, ambayo waziri yeyote angeyataja na kupuuzwa. Alichukua wazo kwa dhati, akaingia nalo kiwandani, akalikwamisha kwenye hatua ya mwisho ya utekelezaji. Ili kuiga, mpe mtemi wako amri ya kipuuzi inayofanana na amri, kwa mfano kwamba kila embe katika mji lihesabiwe na litozwe kodi. Mchekeshaji apige magoti kwa furaha. Apendekeze kwamba hata maembe yaliyoliwa usiku yahesabiwe, popo waitwe barazani wakatoe maelezo, na kwa kuwa popo hulala mchana, itabidi baraza likutane usiku wa manane, juu ya mti, mtemi akining'inia kichwa chini ili waelewane vizuri. Kila hatua itoke katika hatua iliyotangulia. Mtunzi anayeruka hatua, akaenda moja kwa moja kwa mtemi aning'inie mtini, hupata kicheko kimoja mahali ambapo palikuwa na vinne.

Methali dhidi ya methali

Katika maandishi ya Kilatini ya zama za kati kuna majibizano kati ya Mfalme Sulemani na Marcolf, mkulima mwenye sura mbaya na mdomo mchafu, ambapo kila neno la hekima la mfalme hujibiwa na neno la jikoni au la zizini. Mwishowe mfalme anaamuru anyongwe, Marcolf anaomba ruhusa ya kuuchagua mti mwenyewe, na mti unaomfaa haupatikani popote.

Sisi tumejaliwa akiba ya methali ambayo watazamaji wote wanaijua kwa moyo, kwa hiyo majibizano haya yanafaa kuwa sehemu nono ya onyesho. Mfalme atamke methali kamili, kwa uzito, na mchekeshaji aimalizie kwa umbo lile lile la sentensi:

“Mvumilivu hula mbivu.”
“Na asiye mvumilivu alishazila mbichi, kwa chumvi na pilipili.”

“Mgeni njoo, mwenyeji apone.”
“Mgeni ameshakuja, mtemi, mwenyeji bado yuko kwenye foleni ya dawa.”

“Asiyesikia la mkuu huvunjika guu.”
“Na anayelisikia huvunjika mgongo.”

Jibu la mwisho ndilo bora, nami ninaweza kusema kwa nini: lina kitenzi kile kile, lina kiungo cha mwili mahali pale pale, na halina neno la ziada. Jibu la kwanza linachekesha kwa sababu ya chumvi na pilipili, ambavyo kila mtoto aliyekulia chini ya miembe ya mji huu anavikumbuka, lakini ni refu na linaomba kusamehewa. Pima mizani kama unavyopima shairi. Matatu au manne yanatosha kwa onyesho zima, na lile kali zaidi liwe la mwisho, kwa sababu baada yake mfalme hawezi tena kutamka methali bila ukumbi kuanza kumcheka.

Kutii amri kama ilivyosemwa

Waswahili tunaifahamu njia hii kupitia hekaya za Abunuwasi, ambaye jina lake lilitoka kwa mshairi halisi wa Baghdad wa zama za Harun al-Rashid. Wajerumani wanayo kupitia Till Eulenspiegel, ambaye visa vyake vilichapwa mwanzoni mwa karne ya 16. Huyu alipigwa marufuku kukanyaga ardhi ya mtawala wa Lüneburg, akakutwa humo ameketi ndani ya mkokoteni uliojaa udongo alioununua kwa mkulima, akadai kwamba yuko kwenye ardhi yake mwenyewe.

Kwa Kiswahili, tafuta amri za kila siku zenye kitenzi kinachoweza kushikwa vibaya: kufunga, kukata, kuvua, kupiga. Kisha ufanye jambo ambalo Eulenspiegel hakulihitaji, yaani kuipanga amri ili utii wake umlazimishe mfalme mwenyewe kuidai kweli. Hiki ni kipande kinachoweza kuchezwa kama kilivyo:

MTEMI: Nimechoka na hotuba zako. Kata maneno!
MCHEKESHAJI: Nimesi, mte.
MTEMI: Unasema nini?
MCHEKESHAJI: Wa wame na ko.
MTEMI: Unanidhihaki?
MCHEKESHAJI: Hapa, mte. Nimeyaka.
MTEMI: Sema maneno mazima!
MCHEKESHAJI: Ni a?
MTEMI: Ni amri!
MCHEKESHAJI: Watu wamechoka na kodi.

Sentensi ya mwisho haina maana mbili hata kidogo, na bado mchekeshaji yuko salama, kwa kuwa aliamriwa kuisema. Itamkwe polepole, bila sauti ya ushindi.

Anapobanwa

Mpe mhusika wako walau mara moja ya kushikwa. Mwaka 1533 Sigismund I wa Poland alimfungulia dubu mkubwa huko Niepołomice ili awindwe, mnyama akawatawanya watu, malkia akaumia, na mchekeshaji Stańczyk akakimbia. Mfalme alipomwambia kwamba amefanya upumbavu kukimbia, alijibu kwamba upumbavu mkubwa zaidi ni kumfungulia dubu aliyekuwa kwenye kizimba. Shitaka limerudi kwa mshitaki, na kesi imebaki ile ile. Hadithi inayosimuliwa juu ya Triboulet, wa ikulu ya Ufaransa chini ya Louis XII na Francis I, ni nyepesi zaidi: bwana mmoja alitishia kumwua, mfalme akamtuliza kwamba muuaji huyo atanyongwa robo saa baada ya kitendo, naye akaomba kama ingewezekana anyongwe robo saa kabla. Ya kwanza inafaa mfalme wako akiwa na hasira ya kweli, ya pili inafaa akiwa anacheza. Usizitumie zote mbili katika onyesho moja.

Kuhabarisha maafa ni kazi nyingine aliyopewa mtu huyu. Baada ya meli za Ufaransa kuangamizwa huko Sluys mwaka 1340, inasimuliwa kwamba hakuna aliyethubutu kumwambia Philip VI, mpaka mchekeshaji wake aliposema kwamba mabaharia wa Kiingereza ni waoga, kwa kuwa hawakuwa na moyo wa kurukia baharini kama Wafaransa wetu mashujaa. Habari mbaya imefika ikiwa imevaa sifa, na mfalme ameimalizia mwenyewe kichwani.

Mavazi, jina la mtemi na mazoezi

Njuga za miguuni, ambazo wachezaji wa ngoma wa hapa wanazo tayari, zinazidi kengele za dukani kwa sauti na kwa bei. Fundi cherehani akiunganisha vipande vya vitenge vya rangi mbili tofauti, upande wa kulia na wa kushoto, vazi limekamilika, na kijiti chenye kichwa kidogo cha kuchonga kinampa mchekeshaji mtu wa kumsingizia maneno yake. Njuga zisilie kabla ya sentensi yenye maana mbili, kwa sababu hapo zinawatangazia watazamaji kwamba kichekesho kinakuja.

Usimtungie Mirambo wala Isike, watemi halisi wa Kinyamwezi wa karne ya 19, mchekeshaji. Watu hao ni historia, ukoo wao upo, na maneno utakayowatia kinywani yatarudiwa na wanafunzi kama kweli. Mtemi wa kubuni asiye na jina anatosha, kama vile mbunge au mtendaji wa kubuni anavyotosha. Ukimtaja mtu halisi kwa jina, umeifunga ile maana safi, na umebaki na tusi tu.

Mwigizaji bora wa kikundi apewe nafasi ya mfalme, ingawa wote watagombea njuga. Yeye ndiye anayeonyesha, kwa uso wake, kwamba maana safi imefika, halafu sekunde mbili baadaye kwamba ya pili nayo imefika, halafu kwamba ameamua kutoiona. Mazoezi ya awali yafanywe mfalme akiwa peke yake kwenye kiti, akisomewa sentensi zote na mtu aliyesimama nyuma yake, mpaka aweze kuzipokea moja baada ya nyingine bila kucheka na bila kuharakisha. Baada ya hapo ndipo mchekeshaji aingie.